Jibu: Madhehebu ya falsafa yanayoona elimu kuwa sauti

Ndugu yangu, umeuliza kama madhehebu unayoyabuni kwa ajili ya riwaya yako, yale yanayoshika kwamba elimu ni sauti, yana mfano wowote duniani. Upo, tena mkongwe: Mimamsa, madhehebu ya falsafa ya India. Hao walishika kwamba sauti ya neno haizaliwi wala haifi. Msemaji huidhihirisha tu. Wapinzani wao wa Nyaya, madhehebu mengine ya huko huko, wakawabishia kwamba sauti hutengenezwa, kisha hupotea. Ubishi huo ulidumu karne nyingi, nami nakusihi uuingize kwenye riwaya, maana madhehebu yasiyo na mpinzani hayana uhai.

Lakini utamu wenyewe uko kwenye namna Veda, maandiko matakatifu ya kale ya Wahindu, zilivyohifadhiwa vichwani mwa watu. Katika usomaji uitwao ghana, maneno matatu husomwa hivi: moja-mbili, mbili-moja, moja-mbili-tatu, tatu-mbili-moja, moja-mbili-tatu. Kisha msomaji anasogea neno moja mbele na kuanza upya. Neno likidondoka, linajulikana papo hapo. UNESCO iliyatambua mapokeo hayo mwaka 2003. Wape wanafunzi wa riwaya yako mtihani wa namna hiyo, mbele ya mwalimu asiyeshika kitabu.