Saba, saba, nane

SHANGAZI WA NAGOYA ANAJIBU BARUA ZENU

Shangazi, shikamoo. Mimi ni fundi redio hapa Tanga, nina miaka 51. Marehemu baba alikuwa akipiga tashkota kwenye kikundi cha taarab. Bado ninayo, nyuzi zimekatika, nimeifunga khanga juu ya kabati. Mwisho wa Oktoba nakuja Nagoya kwa mafunzo ya kazi ya wiki nane. Wenzangu wanapanga kununua vipuri. Mimi nataka kusikia muziki wa asili wa Kijapani ukipigwa mbele ya macho yangu, na ikiwezekana nifundishwe japo kidogo. Kijapani sijui. Nianzie wapi? Na mtu mzima kama mimi hatachekwa?
Fundi Redio, Tanga

Marahaba, mwanangu. Kabla ya yote, ujue hiyo tashkota ya baba yako ilizaliwa huku huku unakokuja. Mwaka 1912, mtaa wa Osu hapa Nagoya, bwana mmoja aitwaye Morita Goro alichukua vibonye mfano wa vile vya taipureta, akavipachika juu ya nyuzi, ili hata asiyesomea muziki abonyeze namba na wimbo utoke. Enzi ya mfalme Taisho ilianza mwaka ule ule, kikaitwa taishogoto, yaani koto ya Taisho; koto ni ala yao ya asili ya nyuzi. Kikavuka bahari. India kikapewa jina lingine, na Mombasa ulimi wetu ukakisaga kikawa tashkota. Mimi nimekulia Kibokoni nikikisikia harusini, nikidhani ni chetu tangu mababu. Siku ya kwanza kukiona kwenye kioo cha duka Osu, nilisimama na mifuko yangu ya sokoni kama niliyekutana na ndugu niliyeambiwa kafa zamani. Siku hizi wanaokipiga wengi ni wazee wa mitaani, kwenye vikundi vyao vya mchana. Njoo na picha ya baba akiwa nacho mapajani. Kwa wazee hao, picha hiyo itakuombea chai kuliko maneno yoyote.

Sasa swali lako. Watu watakwambia nenda onyesho kwanza, ukipenda ndipo ujifunze. Mimi nakwambia anza na somo, onyesho lifuate. Nimelijua hilo kwa aibu. Mume wangu yuko kwenye biashara ya magari yaliyotumika, na mwaka wetu wa kwanza mshirika wake alitupa tiketi mbili za kusikiliza koto. Nilivaa vizuri, nikakaa mstari wa tatu. Nikasikia ting. Kimya. Ting nyingine. Kimya kirefu. Nikalala, mwanangu, na kichwa kikamwangukia mama wa watu aliyekaa kando. Kwa sikio lililozoea fidla na dumbaki, hapakuwa na kitu pale.

Miezi baadaye jirani alinipeleka kwa mwalimu wake. Koto ni ubao wa mti wa kiri, mwepesi, karibu meta 1.8, una nyuzi 13, na kila uzi umebebwa na kidaraja chake kinachosogezwa. Mkono wa kulia unavaa kucha tatu: gumba, cha shahada na cha kati. Kama umemwona mpiga ganuni wa Unguja akivaa pete zake, si mbali sana. Mwalimu wangu hulamba ndani ya pete ya ukucha ili ishike kidole. Mimi mgeni nililetewa kibakuli cha maji. Gumba linasukuma uzi kwenda mbele mpaka litue kwenye uzi unaofuata. Halikwaruzi, linatua. Nusu saa nzima nilikuwa natua tu.

Kisha akaniwekea karatasi. Muziki wa koto huandikwa kwa namba, kila uzi na namba yake, kutoka juu kwenda chini. Wimbo wa kwanza wa wanafunzi wengi ni Sakura, wa maua ya mcheri. Mwalimu akaimba namba kwa Kijapani, mimi nikafuata moyoni kwa Kiswahili: saba, saba, nane, saba, saba, nane, saba, nane, tisa, nane, saba, nane-saba, sita. Nikaangua kicheko. Sabasaba na Nanenane, sikukuu zenu za Tanzania, zimejipanga kwenye wimbo wa maua! Nilivyomweleza, naye akacheka, na tangu siku hiyo huniimbia "saba saba nane" kwa lafudhi ya Nagoya. Wewe mwana wa tashkota, kwa namba hutapata taabu.

Lililonibadilisha ni mkono wa kushoto. Mwalimu alipiga uzi mmoja, kisha akaukandamiza upande wa pili wa kidaraja. Sauti ikapanda, ikasita, ikashuka kama mtu anayeguna kabla ya kusema. Nikajaribu. Uzi ni mgumu, kidole kikabaki na mfereji. Hapo ndipo nilielewa nilichokilalia siku ile. Kile nilichokiita kimya kilikuwa na kazi ndani yake. Niliporudi kwenye onyesho, macho yangu hayakutoka kwenye mikono ya kushoto ya wapigaji, na usingizi haukuja.

Angalia mikono ya kanzu. Siku ya pili kwa mwalimu, mkono wa baibui langu ulikumba kidaraja, kikaanguka kwa mlio wa kama fataki. Mwalimu hakusema neno; alikisimamisha, akapiga uzi, akasikiliza, akakisogeza unywele mmoja. Mimi jasho tupu. Kunja mikono, vua saa na pete. Kuhusu kukaa, wengi sasa huweka koto kwenye stendi na wewe kwenye kiti. Ukikalishwa kwenye mkeka wao, kikao ni kama cha tahiyatu, ila tahiyatu ni dakika mbili. Miguu ikifa ganzi, sema. Hakuna atakayekucheka, nao miguu yao inakufa.

Kumpata mwalimu, neno lako ni "taiken", yaani kuonja. Uliza kituo cha kimataifa cha mji. Miji mingi inacho, na huandaa siku za kuonja koto, shamisen (ala yao ya nyuzi tatu, yenye shingo ndefu) au ngoma za taiko kwa ada ndogo. Uliza mambo mawili kabla ya kulipa: nitapiga dakika ngapi, na tutakuwa wangapi kwa chombo kimoja? Niliwahi kulipa pesa nzuri mahali fulani pa watalii, nikavishwa kimono robo tatu ya saa, nikapigwa picha kwenye mwavuli, koto nikaigusa dakika kumi. Picha ninayo. Wimbo sina.

Filimbi ya mianzi, shakuhachi, iache kwa safari nyingine. Ina matundu matano tu, na Wajapani wenyewe husema kujua kutikisa kichwa peke yake ni miaka mitatu. Nilipuliza saa nzima nikatoa upepo wa kupozea uji.

Maonyesho sasa, na tarehe zako zimekaa vizuri. Tarehe 3 Novemba ni Siku ya Utamaduni, na siku za karibu yake kumbi za mitaa hujaa wanafunzi wa koto na shamisen wakipigia jamaa zao, mara nyingi bure. Nenda huko. Bibi wa miaka 80 akikosea na kurudia atakufunza zaidi ya bingwa. Mwezi huo huo kwa kawaida ukumbi wa taifa wa Bunraku, Osaka, huwa na msimu, na treni ya kasi kutoka Nagoya ni kama dakika 50. Ni vikaragosi, lakini wewe kaa upande wa kulia wa ukumbi. Pale pembeni kuna jukwaa dogo linalozunguka, wanakaa watu wawili: mmoja anasimulia na kulia na kufoka kwa sauti za wahusika wote, mwenzake ana shamisen ya shingo nene. Hapigi kumsindikiza. Wanavutana kama wavuvi wa jarife moja.

Na usikose Nara, tarehe 17 Desemba, sikukuu ya Kasuga Wakamiya iliyoanza 1136. Kuanzia alasiri hadi usiku, nje kwenye baridi, wanapiga gagaku, muziki wa kale wa ikulu. Kuna chombo kinaitwa sho, mianzi 17 iliyosimama pamoja kama ngumi, hulia ukipuliza na hulia ukivuta pumzi. Mvuke wa mdomo hukiziba, kwa hiyo mpigaji asipopiga hukizungusha juu ya moto, vile vile wapigaji wetu wanavyopasha ngoma kabla ya harusi. Mimi nilimtazama huyo kuliko wachezaji. Vaa koti zito, na soksi jozi mbili.

Ukikaribia kuondoka utasikia madukani koto na filimbi pamoja, muziki wa mwaka mpya. Huo ni wa Miyagi Michio, 1929, mtu aliyekuwa kipofu. Kwa karne kadhaa kazi ya koto na shamisen ilikuwa mikononi mwa vipofu, wana chama chao chenye vyeo. Wakati wa somo, fumba macho dakika moja utafute uzi wa saba. Utaheshimu.

Shangazi, asalaam alaykum. Binti yangu anasoma Tokyo, anataka kujifunza shamisen. Nimeambiwa imewambwa ngozi ya mbwa! Kweli?
Mama Watatu, Mombasa

Waalaykumu salaam, dada. Kweli: kwa desturi ni paka, au mbwa, hasa zile za kishindo za kaskazini zinazoitwa Tsugaru. Lakini siku hizi ngozi za kiwandani zimeenea, na vyombo vya wanafunzi vingi ni hivyo, kwa sababu ngozi halisi ni ghali na hupasuka kwa joto na unyevu. Amwulize mwalimu "gosei desu ka?", yaani ni ya kiwandani?, kabla ya kugusa. Si tusi, huulizwa kila siku. Kuna na sanshin ya Okinawa, mama yake shamisen, yenyewe huwambwa ngozi ya chatu. La hukumu mwulize sheikh wako, mimi ni wa nyuzi.

Jambo jingine ambalo hukuuliza: asinunue kucha za koto wala makafi ya kupigia shamisen ya mitumba bila kukagua. Nyingi za zamani ni pembe za ndovu. Hapa ndani bado zinauzwa, lakini kuzivusha mpaka bila kibali ni kosa chini ya mkataba wa kimataifa, na kushuka nazo uwanja wa ndege wa Moi ni kutafuta kesi. Za plastiki zinalia vizuri tu.

Bibi, nakuja kumtembelea mwanangu Osaka. Wimbo ukinigusa naruhusiwa kwenda kutunza?
Mpenda Taarab, Zanzibar

Mdogo wangu alijaribu. Kwenye ukumbi wa mtaa, bibi mmoja alipiga vizuri, mdogo wangu akainuka na noti ya yeni 1,000 vidoleni, anacheza mabega. Katikati ya njia akakutana na kijana wa mlangoni. Kijana akainama. Naye akainama. Kijana akainama zaidi. Wakaendelea hivyo mpaka mdogo wangu akajikuta amerudi kitini. Kwenye koto watu hunyamaza, hupiga makofi mwisho, na pesa ikitolewa huwa ndani ya bahasha.

Ila wewe uko Osaka, una bahati. Mtaa wa Shinsekai kuna maigizo ya watu wa kawaida, taishu engeki, yenye upanga na dansi na vilio. Huko kina mama wa makamo husimama, hufuata jukwaa, na kumbandika mchezaji noti kifuani mwa kimono mbele ya watu wote. Utadhani uko Ng'ambo. Chukua noti mpya. Na pini, maana huko haziwekwi mkononi.