Talaka ya Makubaliano kwa Waparsi: Maswali na Majibu

Wasomaji kadhaa wameuliza kuhusu talaka ya Waparsi, wafuasi wa dini ya Zoroasta ambao asili yao ni Iran na ambao wengi wao leo wanaishi Mumbai na Gujarat. Sheria inayowahusu ni Sheria ya Ndoa na Talaka ya Waparsi ya India ya mwaka 1936.

Mimi na mume wangu tumekubaliana kuachana bila ugomvi. Je, haitoshi kuandikiana hati mbele ya wakili na kuhani wetu?

Haitoshi. Ndoa yenu ilifungwa kwa ibada ya Ashirvad, mbele ya kuhani na mashahidi wawili Waparsi, lakini kuivunja ni kazi ya mahakama peke yake. Kabla ya marekebisho ya mwaka 1988 hata mahakama isingewasaidia, kwa kuwa ilikuwa lazima mmoja wenu amshtaki mwenzake kwa sababu iliyotajwa na sheria, kama vile uzinzi au kutelekezwa, hata pale ambapo nyumbani mlikwisha kupatana. Kifungu cha 32B kiliondoa adha hiyo: sasa mnafungua shauri kwa pamoja, mkieleza kwamba mmeishi mbalimbali kwa mwaka mmoja au zaidi, kwamba mmeshindwa kuishi pamoja, na kwamba mmeridhiana ndoa ivunjwe. Ndoa yenyewe iwe imetimiza angalau mwaka mmoja siku mnapofungua shauri. Hata hivyo, jaji hapokei maneno yenu hivi hivi. Atawasikiliza na kuchunguza kadiri aonavyo inafaa, mpaka aridhike kwamba mliyoyaandika ni ya kweli na kwamba hakuna aliyekubali kwa kulazimishwa au kwa kulaghaiwa.

Hatuna uwezo wa kupanga nyumba ya pili, kwa hiyo bado tunaishi chini ya paa moja. Je, mwaka wetu unahesabika?

Unaweza kuhesabika. Mwaka 1991 Mahakama ya Juu ya India, ikifafanua maneno kama hayo katika sheria ya ndoa za Wahindu, ilisema kuwa kuishi mbalimbali maana yake ni kutoishi kama mke na mume, popote mnapolala. Kwa maoni yangu, jiandaeni kueleza mambo madogo madogo: nani analala chumba kipi, chakula kinapikwaje, na tangu lini.

Nimesikia kwamba kuna wazee watano wanaokaa na jaji. Wanafanya nini?

Hao ni wajumbe Waparsi wanaoteuliwa na serikali ya jimbo. Walikuwa saba hadi marekebisho ya 1988. Msomaji wa Tanzania asiwafananishe na wazee wa baraza ambao maoni yao hayamfungi jaji wa Mahakama Kuu, kwa maana hawa wanaamua ukweli wa mambo kwa wingi wa kura, naye jaji anabaki na masuala ya sheria na utaratibu. Matunzo na malezi ya watoto hayawahusu. Hayo ni ya jaji. Binafsi naona ni jambo la ajabu kwamba faragha ya ndoa inapimwa na watu wa jamii ileile ndogo, ambao pengine wanazifahamu familia zote mbili. Lakini mmoja wenu akitaka shauri lisikilizwe faragha, sheria inampa haki hiyo.

Je, tutangoja miezi sita kama Wahindu?

Hapana. Kungoja huko kumo katika sheria ya ndoa za Wahindu, na hata huko, tangu 2017, mahakama inaweza kuusamehe muda huo. Kifungu cha 32B hakina sharti hilo.

Tulioana Mumbai, sasa tunaishi Dar es Salaam. Je, sheria ya India bado inatugusa?

Inawagusa. Mparsi aliyeoa au kuolewa chini ya sheria hiyo anaendelea kufungwa nayo hata akibadili dini au makazi ya kudumu, ilimradi mwenzi wake yu hai na ndoa haijavunjwa kihalali. Mahakama ya mahali ndoa ilipofungwa ina mamlaka, na kwenu ni Mumbai. Mkumbuke pia kwamba chini ya Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya 1971 makubaliano peke yake hayatoshi; mahakama lazima iridhike kwamba ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika.

Baada ya hukumu, naweza kuoa lini?

Muda wa rufaa, yaani miezi mitatu, ukipita bila rufaa kukatwa. Usilipie ukumbi kabla ya hapo.