Anza na hamira, mwanangu

Umeuliza utayakaririje maneno ya bioteknolojia, yaani kutumia viumbe hai kututengenezea vitu, kabla chuo hakijafunguliwa. Usiyakariri. Ingia jikoni mama akikanda mahamri.

Tia hamira kwenye maji vuguvugu yenye sukari, subiri kidogo. Lile povu linalopanda ni pumzi ya viumbe hai. Hamira ni kuvu wadogo wasioonekana kwa jicho. Wanakula sukari, wanatoa kabonidayoksaidi, na hewa hiyo ndiyo inayoumua unga. Hapo umeshapata neno uchachushaji. Vimeng'enya ni zile protini za ndani ya hamira zinazoivunja sukari, zinazoharakisha kazi bila zenyewe kuisha. Jeni ni maagizo yanayosema protini gani itengenezwe, iwe kimeng'enya au nyingine. Sasa watu wakachukua jeni moja ya virusi vya homa ya ini aina ya B, wakaipachika ndani ya hamira, nayo ikawatengenezea protini ya chanjo. Chanjo hiyo iliidhinishwa Marekani mwaka 1986. Huo ndio uhandisi jeni. Hamira ile ile ya mahamri, wallahi!

Uhandisi wa kuiga viumbe ni jambo jingine, na wengi huchanganya hapa. Huko kiumbe hatumiwi, anaigwa. Mtazame mjusi kafiri darini kwenu hapo Lamu: hana gundi, ana vinywele vidogo mno nyayoni vinavyonata kwa mvuto wa molekuli, yaani chembe ndogo mno za vitu zinazovutana. Wahandisi wameiga nyayo hizo wakatengeneza utepe unaonata na kubanduka bila gundi.

Ukikwama kwenye neno lolote, liandike hapa pamoja na sentensi ulimolikuta.