Maswali na majibu: Siku moja, matukio mengi

Saba Saba ya Tanzania na Saba Saba ya Kenya ni kitu kimoja? (Msomaji, Tanga)

Hapana, ingawa zote zimetokana na siasa. Ya Tanzania ni kuzaliwa kwa TANU, Dar es Salaam, tarehe 7 Julai 1954, na siku hizi wengi huikumbuka zaidi kwa maonyesho ya biashara. Ya Kenya ni ya mwaka 1990. Kenneth Matiba na Charles Rubia walikuwa wameitisha mkutano Kamukunji, Nairobi, kudai vyama vingi. Siku tatu kabla ya mkutano wakatiwa kizuizini. Watu wakaenda vivyo hivyo, polisi wakawatawanya, ghasia zikasambaa na wengine wakapoteza maisha. Desemba 1991 kifungu cha 2A, kilichoifanya KANU kuwa chama pekee, kikafutwa.

Linalonigusa hapa ni kwamba upande mmoja wa mpaka tarehe hii inakumbusha kuzaliwa kwa chama kilichokuja kuwa cha pekee Tanzania Bara, na upande wa pili inakumbusha waliokataa utawala wa chama kimoja. Jina ni lile lile, kumbukumbu ni mbili, na kila moja inastahili kufundishwa kwa watoto wa jirani.

Je, ni bahati tu kwamba CCM na Azimio la Arusha zote ni 5 Februari? (Msomaji, Dodoma)

Si bahati, ilipangwa. Azimio la Arusha lilitangazwa 5 Februari 1967. Chama cha ASP cha Zanzibar nacho kilikuwa kimeundwa 5 Februari 1957. TANU na ASP zilipoungana kuwa CCM, ikachaguliwa 5 Februari 1977, miaka kumi baada ya Azimio na ishirini baada ya ASP. Serikali na vyama hupenda kupandanisha sherehe namna hii. Tanganyika ilipata uhuru 9 Desemba 1961 na kuwa jamhuri 9 Desemba 1962. Kenya ikafanya hivyo hivyo 12 Desemba, 1963 na 1964. Kwa hiyo ukiona tukio la pili limeangukia tarehe ile ile ya la kwanza, uliza kwanza nani aliyeichagua.

Kwa nini Rwanda na Burundi zilipata uhuru siku moja? (Msomaji, Bujumbura)

Kwa sababu zilikuwa eneo moja la udhamini, Ruanda-Urundi, chini ya Ubelgiji kwa niaba ya Umoja wa Mataifa. Udhamini ulipofikia kikomo 1 Julai 1962, ulikoma kwa zote mbili kwa pamoja, zikatoka nchi mbili zinazojitegemea.

Nimesikia vita vifupi kuliko vyote duniani vilipiganwa Zanzibar. Vilikuwa siku gani, na kuna jambo lingine lililotokea siku hiyo? (Msomaji, Muscat)

Ilikuwa 27 Agosti 1896. Sultani Hamad bin Thuwaini alifariki 25 Agosti, na Khalid bin Barghash akaingia kasri bila idhini ya Waingereza, waliomtaka Hamoud bin Mohammed. Wakampa hadi saa tatu asubuhi aondoke. Hakuondoka. Dakika chache baada ya muda huo manowari zilizokuwa bandarini zikaanza kupiga kasri kwa mizinga, na takriban dakika 38 baadaye yakawa yamekwisha. Upande wa Khalid watu wapatao 500 waliuawa au kujeruhiwa. Upande wa Waingereza alijeruhiwa baharia mmoja.

Hesabu hiyo ndiyo inayonifanya nisipende vita hivi vitajwe kama kichekesho cha kujaza chemsha bongo. Mamia ya watu waliangamia au kuumia kabla jua halijapanda vizuri. Khalid alikimbilia ubalozi mdogo wa Ujerumani. Wajerumani walisubiri maji ya bamvua, mashua ikasogea hadi langoni, akapanda bila kukanyaga ardhi ya Zanzibar, akapelekwa Dar es Salaam. Waingereza walimkamata mwaka 1916 katika Vita Kuu, na alifariki Mombasa mwaka 1927.

Ama jambo lingine: 27 Agosti 1883, miaka 13 kabla, mlima wa volkano Krakatoa ulilipuka kule Indonesia. Mlio ulisikika kisiwa cha Rodrigues, umbali wa kilomita zipatazo 4,800, ndani ya bahari hii hii yetu ya Hindi, na zaidi ya watu 36,000 walikufa, wengi kwa mawimbi. Kati ya misiba hii miwili hakuna uhusiano wowote zaidi ya tarehe.

Muungano ni 26 Aprili 1964, na ajali ya Chernobyl ni 26 Aprili 1986. Kuna ishara hapo? (Msomaji, Arusha)

Hapana. Guernica, Hispania, nayo ilipigwa mabomu 26 Aprili 1937. Mwaka una siku 365 tu, na historia ina matukio yasiyohesabika.

Ni kweli Shakespeare na Cervantes walikufa siku moja? (Msomaji, Nairobi)

Kwenye karatasi, waandishi hawa wawili, Shakespeare wa Uingereza na Cervantes wa Hispania, wote huandikiwa 23 Aprili 1616. Lakini Hispania ilikuwa imekwisha kuhamia kalenda ya Gregori, huku Uingereza ikiendelea na ya Juliasi, iliyokuwa nyuma kwa siku kumi. Kwa kalenda tunayotumia leo, Shakespeare alifariki 3 Mei. Isitoshe, watafiti wengi huona kwamba Cervantes alifariki 22 Aprili, na 23 ni siku aliyozikwa.