Kabla Hujaandika "Nusu kwa Nusu": Kwa Wanaoanza Kusoma Haki ya Mgawanyo

Kila ninapokutana na wanafunzi wa sheria wa mwaka wa kwanza, au na wasaidizi wa kisheria waliomaliza mafunzo yao juzi, naulizwa swali lile lile: nadharia za usawa katika mgawanyo wa mali zina kazi gani mahakamani, ilhali anachotaka hakimu ni kifungu na ushahidi? Ni swali zuri, na mimi mwenyewe nililibeba kwa miaka kadhaa kabla ya kulipatia jibu. Jibu nililipata katika kifungu cha 114 cha Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971, nacho ndicho ningependa muanze nacho kabla hamjafungua kitabu chochote cha falsafa.

Kifungu hicho kinaipa mahakama mamlaka, inapotoa amri ya talaka au ya kutengana, kugawa mali ambazo wanandoa walizichuma kwa juhudi zao za pamoja. Kifungu kidogo cha pili kinaitaka izingatie mambo manne: desturi za jamii ya wahusika, kiasi cha mchango wa kila mmoja katika kuzipata mali hizo, uwe wa fedha, wa mali au wa kazi, madeni ambayo mmoja wao aliingia kwa manufaa ya wote wawili, na mahitaji ya watoto wadogo wa ndoa hiyo. Yakishapimwa hayo, mahakama inaagizwa ielemee kwenye usawa wa mgawanyo. Kisomeni tena taratibu. Mchango ni hoja ya wale wanaosema kila mtu apate kwa kadiri ya alichokifanya. Mahitaji ya watoto ni hoja ya wale wanaosema kwanza tumtazame asiyejiweza. Desturi ni sauti ya wale wanaoamini kwamba jamii imekwisha kujua jibu lake. Kisha, juu ya yote hayo, umewekwa usawa. Bunge lilizikusanya nadharia zinazogombana katika kifungu kimoja, likamwachia hakimu kazi ya kuzipatanisha. Na neno lenyewe lililotumika, kuelemea, halisemi nusu kwa nusu, kwa maana mzani ulioelemea upande mmoja bado unaweza kurudishwa na uzito wa upande wa pili.

Shauri la kusoma baada ya hapo ni la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, lililoamuliwa na Mahakama ya Rufani ya Tanzania mwaka 1983. Bi Hawa alikuwa mama wa nyumbani. Ndoa ilipovunjika aliomba sehemu ya nyumba ya Dar es Salaam, na mahakama za chini zikamnyima kwa hoja kwamba nyumba ilipatikana kwa fedha za mume, naye alikuwa mke tu. Wakati huo majaji wa Mahakama Kuu walikuwa wamegawanyika: wengine wakisema kwamba kupika, kufua na kulea ni wajibu wa mke na hakuhesabiki kuwa mchango, wengine wakisema kunahesabika. Mahakama ya Rufani, kwa hukumu iliyoandikwa na Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilijiuliza sheria ile ilitungwa ili kuponya dhara gani, ikaamua kwamba neno "kazi" katika kifungu cha 114 linazikumbatia kazi za nyumbani. Hilo ndilo ambalo kila mwanafunzi hulikariri.

Wengi hawafiki mwisho wa hukumu hiyo. Bi Hawa alishindwa. Mahakama iliona kwamba mume alikuwa amempa fedha za kuanzisha biashara ya familia, naye akazitumia vibaya, kwa hiyo ikahesabu kwamba fungu lake alikwisha kulipokea na kulitapanya. Alishinda hoja ya sheria kwa ajili ya wanawake wote waliokuja baada yake, akarudi nyumbani mikono mitupu. Mkiielewa sehemu hiyo ya hukumu, mmekwisha kuingia katikati ya mjadala mkubwa kabisa wa nadharia za usawa za nusu karne iliyopita.

Mwaka 1981 mwanafalsafa wa sheria Ronald Dworkin alieleza aina ya usawa ambayo ndani yake mtu hapaswi kubeba hasara ya bahati mbaya ambayo hakuichagua, kama kuzaliwa na ulemavu, lakini anabeba mwenyewe matokeo ya maamuzi yake. Ni wazo lenye mvuto, kwa sababu linamheshimu mtu kuwa mwenye akili na hiari. Hukumu ya Bi Hawa, bila kumtaja mwanafalsafa yeyote, inatembea katika njia hiyo hiyo: ulipewa, ukachagua, ukapoteza. Mwaka 1999 mwanafalsafa Elizabeth Anderson aliishambulia njia hiyo kwa ukali, na hoja yake mojawapo iligusa hasa watu wanaoacha kazi ya mshahara ili walee watoto au wauguze wazee. Ukisema kwamba walichagua wenyewe kulea, alisema, unawaacha wategemee hisani ya mwenye mshahara, kisha unauita utegemezi huo kuwa matokeo ya hiari yao. Kwake yeye shabaha ya usawa ni kujenga jamii ambayo hakuna anayepiga magoti mbele ya mwenzake, na kupima bahati ya kila mtu hakutufikishi huko. Mimi nasimama na Anderson. Nadhani fedha zilizopotea katika biashara zilistahili kupunguza fungu la Bi Hawa, lakini sioni kwa nini zifute miaka yote ya kazi yake, wakati biashara iliyompotezea mume fedha isingefuta jina lake katika hati ya nyumba.

Mtakutana pia na mwanafalsafa John Rawls, ambaye kitabu chake kikuu kilitoka mwaka ule ule wa 1971 ilipotungwa Sheria yetu ya Ndoa. Tahadhari yangu hapa ni fupi. Msiandike katika majibu ya mtihani, wala katika hoja za mahakamani, kwamba hakimu anapaswa kugawa nyumba kwa kanuni ya Rawls ya kumnufaisha zaidi aliye chini kabisa. Rawls alikuwa anaizungumzia misingi ya taasisi kuu za jamii, kama katiba, kodi na umiliki, na hakuwa anahukumu madai ya watu wawili juu ya vyumba sita vya kupangisha. Anachoweza kuwasaidia ni kuihoji kanuni yenyewe: je, mtu asiyejua kama atazaliwa awe mume au mke angekubali sheria isemayo kwamba kazi isiyolipwa mshahara si mchango?

Sasa niwaeleze kosa langu. Miaka mingi iliyopita nilikuwa najitolea katika ofisi moja ya msaada wa kisheria, na mawakili hawakuruhusiwa kusimama katika mahakama za mwanzo, kwa hiyo kazi yangu ilikuwa kumwandaa mteja aende kujieleza mwenyewe. Akaja mama mmoja mwenye fomu namba 3 mkononi, ile hati ya baraza la usuluhishi wa ndoa inayosema kwamba usuluhishi umeshindikana, ameikunja mara nne. Nilimuuliza kama nilivyofundishwa: "Mama, mchango wako katika nyumba hiyo ni upi?" Akajibu, "Sina mchango, mwanangu. Mimi nilikuwa nyumbani tu." Nikaandika hivyo hivyo katika jalada, nikamwambia asiwe na wasiwasi, Mahakama ya Rufani imekwisha kuamua kwamba kazi za nyumbani ni mchango. Alipoulizwa na hakimu akarudia maneno yale yale. Hukumu ikampa vyombo vya jikoni na kitanda.

Tulipotoka akakaa katika baraza ya mahakama na dada yake, na hapo ndipo nilipomsikia akihesabu kwa vidole. Maji ya kufyatulia matofali yalikuwa yanatoka bombani usiku tu, na yeye ndiye aliyekuwa akiamka saa nane kupanga ndoo. Mafundi walikula kwake miezi mitatu. Mifuko ya saruji ililala chumbani kwake, naye akalala sebuleni na watoto. Vitumbua alivyouza ndivyo vilivyolipa ada mwaka ambao mshahara wa mume ulinunua bati. Kila alichokitaja kilikuwa ushahidi, na hakuna hata kimoja kilichokuwa katika kumbukumbu za shauri, wala rufaa haipokei ushahidi mpya kirahisi. Yule mama hakudanganya aliponijibu. Alitumia neno "mchango" kwa maana ambayo maisha yalimfundisha, yaani fedha uliyoitoa mkononi mbele ya watu, kama ya harusi au ya msiba. Mimi ndiye niliyekuwa na nadharia kichwani na sikuitumia kuuliza.

Kwa hiyo msimuulize mteja mchango wake ni upi. Muulizeni siku mliyoanza msingi uliamka saa ngapi, nani alilinda saruji, nani aliwapikia mafundi, mwenzako alipokuwa safarini nani alipokea kodi za wapangaji. Na hasa muulizeni, mwezi ambao mshahara wake ulikwenda kwenye ujenzi, chakula na ada vilitoka wapi? Swali hilo la mwisho lina uzito kuliko yote, kwa sababu linaonyesha kwamba fedha ya mume iliweza kuwa tofali kwa kuwa fedha ya mke, au jasho lake, ilikuwa imekwisha kuwa unga. Andikeni majibu kwa tarehe, kwa majina ya mashahidi, kwa idadi ya ndoo ikiwezekana. Mahakama zetu zimesema mara nyingi kwamba kiasi cha mchango ni suala la ushahidi, na mwenye kudai ndiye mwenye mzigo wa kuthibitisha.

Mzigo huo ndio unaonisumbua ninapotazama upande wa Kenya. Sheria yao ya Mali za Ndoa ya mwaka 2013 imeandika waziwazi kile ambacho sisi tulikipata kwa hukumu: kazi za nyumbani, malezi ya watoto, kusimamia biashara ya familia na kazi ya shamba vyote ni mchango. Ibara ya 45(3) ya Katiba yao ya 2010 inawapa wanandoa haki sawa wakati wa kufunga ndoa, wakiwa ndani yake na inapovunjika. Wengi walitarajia kwamba maneno hayo yangeleta nusu kwa nusu, lakini Januari 2023 Mahakama ya Juu ya Kenya ilisema kwamba usawa wa ibara hiyo haumpi mtu nusu ya mali moja kwa moja, na kila shauri litapimwa kwa ushahidi wake. Kwa kusoma maneno ya sheria, naona mahakama ilikuwa sahihi. Lakini kipimo kikiwa ushahidi, mwenye risiti anaanza mbio akiwa mbele, na jikoni hakutolewi risiti. Mwanafalsafa wa siasa Susan Moller Okin, aliyemkosoa Rawls mwaka 1989 kwa kuidhania familia kuwa ni ya haki bila kuichunguza, alipendekeza njia nyingine: kipato chote kinachoingia katika nyumba kiwe kisheria cha wote wawili kwa usawa tangu siku kinapoingia, ili suala la nani alileta nini lisisubiri talaka. Sheria zetu hazijafika huko. Ni vyema mjue kwamba njia hiyo ipo.

Usawa hauishii katika mafungu. Shauri la Holaria Pastory, lililoamuliwa na Jaji Mwalusanya katika Mahakama Kuu Mwanza mwaka 1990, linalionyesha hilo vizuri. Holaria, mwanamke wa Kihaya, alirithi shamba la ukoo kwa wosia wa baba yake, akaliuza kwa mtu asiye wa ukoo, na ndugu wa ukoo akaenda mahakamani kwa hoja kwamba mwanamke anaruhusiwa kulitumia shamba la ukoo maisha yake yote lakini hana ruhusa ya kuliuza. Jaji alisema kanuni hiyo inakinzana na katazo la ubaguzi katika Katiba ya Tanzania, na kwamba mwanamke ana haki ya kuuza kwa masharti yale yale ya mwanamume. Hakuna aliyebishana pale juu ya ukubwa wa shamba. Kilichogombaniwa ni kama mwanamke ni mwenye mali au mpita njia juu yake.

Jambo la mwisho ni lile ambalo vijana huliacha kwa sababu hukumu ikishatoka wanadhani kazi imekwisha. Mwaka 1979, katika mhadhara wake katika Chuo Kikuu cha Stanford, mchumi Amartya Sen aliuliza: usawa wa nini? Alitaka tutazame kile ambacho mtu anaweza kukifanya na fungu lake, maana fungu lile lile halifanyi kazi sawa mikononi mwa watu wawili. Chukueni nyumba yenye mlango mmoja wa mbele, na mahakama imempa mama asilimia 40. Nyumba haikatwi kwa msumeno. Mthamini atakuja, atataja bei, na mmoja atatakiwa kumlipa mwenzake. Mwenye ajira atakopeshwa na benki, asiyekuwa nayo hatakopeshwa, na katika miezi ya kungoja ni nani anayechukua kodi za vyumba? Hukumu nyingi zinakaa kimya juu ya hayo, na mara nyingi zinakaa kimya kwa sababu hakuna aliyeomba.

Siku hizi katika kila hati ya madai ninayosaidia kuiandaa, chini ya ombi la mgawanyo, naongeza maombi manne: mthamini achaguliwe kwa makubaliano ya pande zote mbili, muda wa kulipa utajwe kwa tarehe, kodi za wapangaji zigawanywe kwa asilimia zile zile za hukumu hadi malipo yakamilike, na mama asihamishwe chumbani kwake kabla shilingi ya mwisho haijamfikia.