Nataka kuitoa riwaya ya anga za juu kama tamthilia, naanzia wapi?

SWALI: Kaka habari za kazi. Kuna riwaya moja ya anga za juu nimeisoma mara nne, naiona kabisa kichwani kama tamthilia na nataka kuwa prodyuza niitoe mwenyewe, skripti nimeshaanza. Sasa kila ninayemwambia anasema hizo ni za wenye mahela, vyombo vya anga vitanimaliza. Niache tu?

JIBU: Usiache mdogo wangu, ila hiyo skripti iweke pembeni kwanza. Haki za kitabu, yaani ruhusa ya kukigeuza filamu au tamthilia, anazo nani? Kazi ya prodyuza inaanzia hapo. Unamtafuta mwandishi au wakala wake mnaandikiana mkataba wa opsheni, yaani unalipa kiasi kidogo ili kwa muda fulani, mara nyingi mwaka au mwaka na nusu, mwingine asiruhusiwe kukichukua, na wewe ndani ya muda huo unahangaika kutafuta mwandishi wa skripti, dairekta na hela. Muda ukiisha hujapata kitu, unalipia tena au haki zinarudi kwa mwenyewe. Kuna watu wanamaliza skripti nzima ndo wanagundua haki za kitabu zilishauzwa zamani, inauma sana.

Hela ni kweli ni shida, lakini msikilize huyu Arthur P. Jacobs, prodyuza wa Marekani. Alichukua riwaya ya Mfaransa Pierre Boulle ya mwaka 1963, ile ya nyani wanaotawala watu, studio zikamkatalia, hofu ikiwa watazamaji wataangua kicheko wakiona waigizaji wana sura za nyani. Basi 1966 akapiga kipande kifupi tu cha majaribio, mwigizaji Charlton Heston na wenzake waliopakwa mekapu ya nyani, akawapelekea wakubwa wa studio ya Fox waone wenyewe, na hapo mlango ukaanza kufunguka. Halafu kitabuni nyani wana magari na helikopta na miji ya kisasa, kuijenga yote hiyo ni gharama ya kutisha, wakawapa makazi ya kizamani na farasi. Filamu yenyewe, Planet of the Apes, ikatoka 1968 na swali lenyewe la kitabu halikuguswa, kwamba siku binadamu akigeuka yeye ndo mnyama inakuwaje? Kwa hiyo kwenye riwaya yako tafuta hilo swali ni lipi ulilinde kwa nguvu zote, vyombo vya anga punguza hata nusu.

Wazo la tamthilia nalipenda. Dune ni riwaya ya 1965, filamu ya 1984 ikabana kitabu kizima kwenye saa mbili na kitu na watu wengi wakatoka hawajaelewa, mwaka 2000 televisheni ikakigawa sehemu tatu, na filamu ya 2021 ikachukua nusu ya kwanza tu. Kitabu kinene kinataka nafasi.

Na wewe mwenyewe ingia kazini sasa hivi, kokote wanakopiga picha, hata kama ni kushika ratiba na kupokea simu. Gale Anne Hurd alianza kama msaidizi wa prodyuza Roger Corman, baadaye ndo akawa prodyuza wa The Terminator ya 1984 na Aliens ya 1986.

Ukishajua haki anazo nani niandikie tena, tuupitie huo mkataba kabla hujasaini.