Tromsø usiku: namna ya kuzingojea taa za kaskazini bila baridi kukushinda

Kila msimu wa baridi unapokaribia, ndugu na marafiki wa Dar, Mombasa na Muscat huniandikia swali lile lile: wakija Norway, wataziona zile taa za kijani zinazowaka angani usiku? Huwajibu kwamba kuziona ni majaliwa ya jua na mawingu, lakini kungoja kuko mikononi mwao. Usiku wa taa za kaskazini, sehemu kubwa ni kungoja gizani. Zinaweza kutokea saa mbili usiku zikakaa dakika tano, zikapotea, kisha zikarudi saa sita kwa nguvu zaidi. Mwenye joto mwilini na aliyeshiba atakuwa bado yuko nje. Anayetetemeka atakuwa amejifungia ndani ya basi. Ndiyo maana namwambia kila anayekuja: pesa yako ya ziada usiiweke kwenye hoteli ya kifahari, iweke kwenye safari nzuri ya jioni yenye muongozaji.

Nazungumzia Tromsø kwa sababu ndiko ninakopeleka wageni wangu. Mji uko takriban kilomita 350 kaskazini ya Duara la Aktiki, na ndege kutoka Oslo huchukua karibu saa mbili. Taa hizi hutokea zaidi kwenye eneo lenye umbo la pete linaloizunguka ncha ya sumaku ya dunia, na Tromsø iko chini ya pete hiyo. Hilo linabadilisha hesabu ambazo watu wengi hujifanyia. Wanapakua programu kwenye simu, wanaona kipimo cha Kp, yaani cha msukosuko wa sumaku ya dunia, ni 1 au 2 kati ya 9, wanavunjika moyo na kubaki hotelini. Kp ikipanda, pete hupanuka kuelekea kusini. Ndivyo ilivyokuwa usiku wa tarehe 10 Mei 2024, dhoruba ya jua ilipozifanya taa hizi zionekane hadi kusini mwa Ulaya. Ukiwa Tromsø huhitaji dhoruba ya namna hiyo. Kp 2 na anga safi inakutosha kabisa, na Kp 6 nyuma ya mawingu haikufai kitu. Kwa hiyo angalia utabiri wa mawingu kwanza. Wenyeji tunatumia Yr, huduma ya Idara ya Hali ya Hewa ya Norway na shirika la utangazaji la NRK.

Hapo kwenye mawingu ndipo thamani ya muongozaji inapoonekana. Pwani ya Tromsø inaweza kuwa na mvua au theluji nzito huku upande wa pili wa milima nyota zikiwaka. Ukifuata barabara ya E8 unafika Skibotn, bonde ambalo milima hulikinga na unyevu wa bahari, na ukiendelea mbele unavuka mpaka na kuingia Kilpisjärvi, Finland. Ni mwendo wa zaidi ya saa mbili kutoka mjini. Muongozaji mzuri ameanza kutazama picha za setilaiti tangu mchana, anawasiliana na wenzake walioko barabara nyingine, na yuko tayari kubadili mwelekeo mkiwa njiani. Mgeni aliyekodi gari hana mtandao huo. Tena atakuwa anaendesha gizani juu ya barafu, penye elki, wanyama wakubwa wa jamii ya kulungu, na kulungu wa kaskazini (reindeer) wanaovuka barabara, macho yake nusu barabarani nusu angani. Siwashauri wageni wangu wafanye hivyo, hata wale walioendesha malori Afrika Mashariki nzima.

Safari zenyewe haziko sawa, na bei haikuambii kila kitu. Kuna mabasi makubwa ya watu hamsini, kuna mabasi madogo ya watu wanane hadi kumi na watano ambayo huyafukuzia mapengo ya mawingu, kuna kambi za kudumu zenye hema la Wasami, wenyeji wa asili wa kaskazini, liitwalo lavvu na moto katikati, na kuna boti. Basi dogo ni ghali, wakati mwingine karibu mara mbili ya basi kubwa, lakini mwenye nguvu na mwenye hamu ya kuziona namwelekeza huko. Linasimama mahali ambapo basi kubwa haliwezi kusimama, na watu kumi hushuka na kupanda upesi. Boti ina ukumbi wenye joto na watu huisifu kwa hilo. Mimi siipendelei kwa mtu mwenye usiku mmoja tu, kwa sababu haiwezi kuvuka milima kufuata anga safi, na picha zinazopigwa juu ya sitaha inayoyumba hutoka na ukungu.

Kwa wazee na watoto nachagua kambi. Mama mkubwa alipokuja kutoka Tanga, magoti yake hayakumruhusu kupanda na kushuka garini usiku kucha. Tulipata kambi yenye mahema yaliyotandikwa ngozi za kulungu, viti vyenye mgongo na choo cha kweli umbali wa hatua chache. Kabla ya kuondoka mjini kampuni ilimpa suti nzito ya kuvaa juu ya nguo zote, ile ya kipande kimoja yenye zipu kutoka shingoni hadi kiunoni. Suti hii ina namna yake ya kuvaliwa. Kwanza msalani, maana ukishaivaa kuivua ni kazi. Kisha unaketi, unaingiza miguu yote miwili, unasimama, unaingiza mikono, halafu unaketi tena mwenzako akufungie buti. Nilimwambia, "Mama, usiinamie, niachie mimi," akaninyooshea mguu.

Karibu saa tatu muongozaji alituita nje. Upande wa kaskazini kulikuwa na utepe mweupe, hafifu kama moshi mwembamba wa kuni. Mama alitazama akasema ni wingu. Muongozaji akapiga picha, akamwonyesha kioo cha kamera: kijani kitupu. Hili nataka msomaji alikumbuke, kwa sababu watu wengi huondoka uwanjani wakati taa zimekwisha kuanza. Zikiwa hafifu, jicho la binadamu gizani haliwezi kutambua rangi vizuri, kamera inaweza. Mpe mwili wako nusu saa bila kutazama simu, macho yazoee giza. Utepe ule ulikaa vile kwa muda mrefu, kisha ukapanuka, ukapata mikunjo, na upindo wa chini ukageuka waridi ukikimbia kutoka mashariki kwenda magharibi juu ya vichwa vyetu. Mama mkubwa alikuwa ameshika mkono wangu juu ya glavu, akisema "Subhana Allah, subhana Allah," na hakutaka kurudi hemani mpaka zilipofifia. Angekuwa na koti la kawaida asingefika dakika hizo.

Kijani kile hutoka kwa oksijeni iliyogongwa na chembe zenye umeme zinazoongozwa na usumaku wa dunia, kwenye kimo cha kilomita 100 na ushei. Wekundu hutoka kwa oksijeni iliyo juu zaidi, kupita kilomita 200, na waridi na zambarau ni kazi ya naitrojeni. Waongozaji wengi watakusimulia habari za Kristian Birkeland, mwanasayansi wa Norway aliyejenga kituo cha uchunguzi juu ya mlima Haldde karibu na Alta mwaka 1899. Maabarani aliuweka mpira wenye sumaku ndani ya chombo kilichoondolewa hewa, akaurushia miale ya elektroni, na mwanga ukajitokeza kuzunguka ncha zake. Sura yake iliwahi kuchapishwa kwenye noti ya krona 200. Muulize muongozaji wako maswali. Saa za kungoja hupita upesi kwa mazungumzo hayo.

Sasa mavazi. Usidanganyike na joto la mjini. Mkondo wa maji ya uvuguvugu wa Atlantiki huifanya Tromsø kuwa na baridi ya wastani, mara nyingi nyuzi chache tu chini ya sifuri, ilhali bondeni ndani ya bara siku hiyo hiyo inaweza kuwa nyuzi 20 chini ya sifuri au zaidi. Nguo ya ndani inayogusa ngozi iwe ya sufu, juu na chini. Pamba hunyonya jasho, inabaki na unyevu, nawe unaganda. Suruali za jinzi ziache hotelini. Soksi ya sufu moja nene katika kiatu chenye nafasi ni bora kuliko soksi tatu katika kiatu kinachobana, kwa kuwa mguu uliobanwa haupati damu na ndio wa kwanza kufa ganzi. Vaa glavu nyembamba ndani ya glavu kubwa, ili ukigusa simu usibaki mkono mtupu. Vua hereni na vipuli vya chuma, maana chuma hupitisha baridi moja kwa moja kwenye sikio. Anayevaa hijabu avae ya sufu au kitambaa kizito, na kofia juu yake, na suti za kampuni zina nafasi ya kutosha kuvaliwa juu ya gauni fupi na suruali. Mjini kwenyewe nunua vile vyuma vya kuvalisha chini ya viatu visiteleze, dukani viulizie kwa jina la "brodder". Wageni wengi huumia kwenye barafu ya njia za mjini kabla hata ya kuliona basi.

Chakula uliza unapolipia, usingoje ufike. Supu inayotolewa kambini mara nyingi ni ya nyama ya kulungu, na anayekula halali tu aagize mapema ya samaki au ya mboga. Kampuni zimezoea ombi hilo. Zile pipi laini nyeupe za kuchoma motoni mara nyingi hutengenezwa kwa jelatini, basi waulizie na watoto. Mimi hubeba chupa yangu ya chai ya tangawizi na tende mfukoni. Mwili unaotafuna hutoa joto.

Kwa picha, simu nyingi za sasa zinatosha. Weka hali ya usiku, iegemeze kwenye stendi ya miguu mitatu, na uliza kama kampuni inaazimisha stendi. Betri huisha haraka sana kwenye baridi, kwa hiyo simu ikae mfuko wa ndani karibu na kifua na chaja ya akiba iwe pamoja nayo. Unaporudi ndani ya basi lenye joto, iache kamera ndani ya begi lililofungwa ipate joto polepole, la sivyo maji yatatanda kwenye lenzi. Na usiwashe tochi nyeupe wala mwanga wa kamera, unawaharibia macho wote waliokuzunguka.

Msimu huanza mwishoni mwa Septemba hadi mwisho wa Machi. Kuanzia mwishoni mwa Mei hadi mwishoni mwa Julai jua halizami Tromsø, basi asikudanganye mtu kukuuzia taa wakati huo. Desemba kuna giza refu, kwani jua halichomozi kati ya mwisho wa Novemba na katikati ya Januari, na wengine huelemewa na giza hilo. Wangu wote nawaita Machi: usiku bado ni mrefu, mchana una mwanga wa kutembea, theluji ingalipo, na majira ya usiku kulingana na mchana ndiyo ambayo misukosuko ya sumaku huongezeka. Kaa angalau usiku nne, na safari yako iweke usiku wa kwanza unaofaa kwa utabiri, ili kama mawingu yakikunyima uwe na nafasi ya kurudia.

Beba pasipoti ndani ya basi, pamoja na kadi ya ukaazi kama unaishi Ulaya, kwa sababu huenda mkavuka kwenda Finland. Viza yako ya Schengen, ile ya pamoja ya nchi nyingi za Ulaya, inafika huko bila tatizo. Simu itaruka saa moja mbele mpakani, hivyo saa ya kukutana fuata ya muongozaji. Anayetaka kuunganisha na Svalbard ajue kwamba visiwa vile, ingawa ni vya Norway, viko nje ya Schengen: akiwa na viza ya kuingia mara moja, akitoka kwenda huko hawezi kurudi bara kwa viza hiyo.

Kabla ya kulipa, soma masharti. Safari ikifutwa na kampuni, unarudishiwa pesa. Mkienda msione kitu, kampuni nyingi hazirudishi, ila baadhi hupunguza bei ya safari ya pili, na inafaa uulize kwa maandishi. Mabasi huondoka karibu saa kumi na mbili jioni na kurudi saa sita, saa saba, hata saa nane usiku yakienda mbali, kwa hiyo tiketi yako ya ndege ya kurudi Oslo usiikate ya alfajiri. Kata ya mchana.